Masika Shemeji Alipofanywa Waziri

Jumanne, 8 Aprili

Upande wa mbele wa kitabu hiki ni mali ya shule. Huko wageni wanaandika jina, wanakotoka, namba ya simu na shida iliyowaleta, na mie mlinzi wa geti nawasimamia kama karani wa mahakama. Upande wa nyuma nimeugeuza kichwa chini, nao ni wangu. Mwalimu Tupokigwe, makamu wa mkuu wa shule, kanifumania leo naandika.

"Mzee Khalfani, unaandika nini huko?"

"Wasia. Nyumba ya Kunduchi nimekuachia wewe."

Kacheka mpaka kashika geti. Nyumba ya Kunduchi si yangu, ni ya dada yangu Somoe, na mie nalala chumba cha uani. Lakini mtu akishacheka haulizi tena. Hilo nililijua tangu darasa la nne, na darasa lenyewe ndilo nililoishia.

Mvua imeanza. Kilima cha Madale kinateremka chenyewe, hakingoji kubebwa.

Alhamisi, 10 Aprili

Mvua. Nimepiga kengele saa moja na nusu. Uwanjani tulikuwa mie na kuku wa jirani.

Ijumaa, 11 Aprili

Leo nina mengi.

Mkuu wetu wa shule ni Mwalimu Suleiman Mihayo. Ndiye mume wa Somoe, kwa hiyo ni shemeji yangu. Yeye Mnyamwezi, mie Mzaramo, kwa hiyo ni mtani wangu tangu kabla hatujazaliwa. Babu zake walikuja pwani na mizigo kichwani, babu zetu wakawapokea, wakawacheka, wakawalisha, na tangu hapo kati yetu hakuna kesi. Mtani akichukua kitu chako, unakikomboa kwa kidogo na mnacheka. Akitukana, unamrudishia. Mie humwambia mbele ya walimu wake kwamba yeye ni mzigo uliosahauliwa na msafara. Yeye huniambia Mzaramo akisikia ngoma anatua jeneza njiani. Kila asubuhi ananipakia kwenye pikipiki yake kutoka Kunduchi mpaka Madale, na njia nzima tunatukanana. Ndiyo chai yetu.

Basi leo saa nne imefika Land Cruiser nyeupe, matope mpaka kwenye vioo. Wakashuka wazee wawili. Mkubwa wao mrefu, kavaa suti, na juu ya suti kajitanda mgolole mweupe. Nikampa kitabu. Akaandika: Kasanda. Kutoka: Ikulu ya Usagana. Shida: Kumwita Waziri.

"Mawaziri wako Dodoma, baba," nikamwambia. "Hapa Madale tuna matope tu."

"Huyu ni waziri wetu," akasema, bila kucheka.

Akanieleza. Usagana ni utemi wa zamani huko kwao, magharibi. Mwaka jana wamemtawaza Mtemi mpya, mfalme wao, kijana aliyekuwa mhasibu Mwanza. Hana askari wala hatozi kodi, mambo yake ni mila tu, na Serikali inamwachia. Sasa anapanga baraza lake, na Waziri wa Elimu na Mila ni Mwalimu Suleiman Mihayo. Yule mzee wa pili akafungua kijisanduku. Ndani ya pamba kuna duara jeupe, kubwa kama kisahani cha kahawa, limetobolewa katikati na kupitishwa uzi wa ngozi.

"Nini hicho?"

"Kibangwa. Anakivaa mtu wa Mtemi. Ni gamba la konokono wa bahari, wazee wetu walilifuata huku pwani kwa miguu, miezi mitatu kuja, miezi mitatu kurudi."

"La bahari gani?"

"Hii hii yenu."

Sasa hapo nani angevumilia? Mie sikuvumilia. Nililinyakua, nikalivaa shingoni, nikaruka hatua tatu nyuma kama kijana. "Wezi nyie! Gamba letu mliondoka nalo bila kuaga, leo mmelirudisha wenyewe! Halitoki hapa mpaka mlikomboe!"

Yule wa pili alishika kichwa. Kasanda akanitazama toka miguuni mpaka kwenye kofia. "Wewe kabila gani?"

"Mzaramo."

"Nilijua tu," akasema, akaanza kucheka, na alipocheka nikaona kumbe mzee mzuri. Alimtuma dereva dukani akaniletea soda mbili. Nikamvulia.

Ndipo nikageuka nikamkuta shemeji kasimama mlangoni mwa ofisi. Kumbe alishaniona nilipokuwa na gamba shingoni. Uso ule sijawahi kumwona nao. Kasanda akamwendea, akapiga goti kwenye matope, na suti yake, akaanza kutaja majina, mwana wa fulani, mjukuu wa fulani. Watoto wote madirishani.

Jioni nyumbani, Somoe kapakua. Shemeji kakaa na mikono mapajani.

"Mimi nilitaka kukataa," akamwambia mkewe. "Lakini kaka yako amenipokelea."

"Amekupokelea nini?"

Akamweleza habari ya kibangwa. Akasema kwao, kikishapokelewa mlangoni na mtu wa nyumba yako, kimepokelewa. Hakirudi. Mtu wa nyumba yake ni mie. Mwisho wa mwezi wa tano lazima awe Ikulu, na mwenye kibangwa analala ndani ya uzio wa Mtemi miaka mitatu ya kwanza.

Somoe kanigeukia. "Kaka!"

"Nilikuwa namtania yule mzee!"

"Na mie?" akamwuliza mumewe.

"Utakuja."

"Na samaki wangu?"

"Mke wa waziri hakai sokoni, Somoe."

Dada yangu anauza samaki pwani ya Kunduchi tangu ana miaka kumi na minne. Alinyanyua sinia, akalitua tena palepale. "Basi mie nitakaa hapa," akasema, kwa sauti ile ya kusema chumvi imeisha.

Jumamosi, 12 Aprili

Somoe kakaanga samaki, changu wawili wakubwa. Shemeji kala wali mtupu. Anasema mwenye kibangwa hali cha baharini. Nikamwambia kwa miaka thelathini na moja ya ndoa umekula bahari nzima, leo ndiyo unakumbuka? Hakunirudishia. Mtani asiporudisha, mchezo umekufa.

Changu nimekula mie wote wawili. Hawakunipita vizuri.

Jumatatu, 14 Aprili

Kwenye pikipiki nikamwambia, "Shemeji, nitapiga simu kwa yule mzee, nitamwambia mie ni mpuuzi, kila mtu atanishuhudia."

"Haiwezekani."

"Kwa nini?"

"Mila, shemeji. Mila haina kufuta."

Mvua ikatupiga mpaka Tegeta. Hakunitukana hata mara moja.

Jumatano, 16 Aprili

Wali mtupu.

Alhamisi, 17 Aprili

Kaja afisa mmoja wa elimu kukagua vyoo. Nikamvuta pembeni, nikamweleza yote, nikamwomba amkatalie mwalimu ruhusa ya kuondoka. Alicheka akatoa kitambaa kujifuta macho. "Mzee Khalfani, wewe unapaswa uwe kwenye redio." Kisha kaingia ofisini kumpa shemeji mkono wa pongezi.

Jumapili, 20 Aprili

Nilikumbuka kitabu cha wageni kina namba za simu. Nimempigia Kasanda.

"Baba, mie yule wa gamba."

"Mtani! Soda zangu umezimaliza?"

"Sikia, lile gamba nililipokea kwa makosa—"

"Ha ha! Unataka soda nyingine!" Mtandao ukakatika. Nikapiga tena, haipatikani. Nikapiga mpaka vocha ikaisha.

Alhamisi, 24 Aprili

Watu wanaanza kubadilika kwa shemeji. Mzazi mmoja kaleta jogoo. Mwingine, Mnyamwezi mwuza mkaa, kaingia getini anatembea kwa kuinama tangu kwenye ukingo wa barabara. Nikamwuliza kama ana mgongo. Kasema, "Namwamkia mheshimiwa."

Na shemeji naye kabadilika. Zamani alikuwa anakwenda mbio mbio kama anadaiwa. Sasa anatembea. Leo asubuhi kwenye mstari alitakiwa kuwaambia watoto wasitupe maganda ya maembe. Kawaeleza habari za watemi wa Usagana dakika arobaini, na watoto wa darasa la kwanza wakalowa.

Jumatatu, 28 Aprili

Nimechungulia dirisha la ofisi. Kajitanda mgolole kama ule wa Kasanda, kasimama mbele ya kioo cha kabati la vitabu, anageuka upande huu, anageuka upande ule. Nilikuwa nimeandaa tusi zuri sana. Nikaliacha.

Alikuwa amependeza.

Alhamisi, Mei Mosi

Sikukuu, hakuna shule. Nilikuwa uani natengeneza kiti. Somoe katoka na ule mgolole mikononi, alikuwa anaupiga pasi. Akasimama mbele yangu.

"Miaka thelathini na moja, kaka."

"Najua."

"Hujui. Mwanamume huyu sikuwahi kugombana naye hata juu ya mboga. Nimelea naye watoto watatu, wote wametoka na nyumba zao. Nikasema sasa tutapumzika. Wewe umekuja na mchezo wako, umeniondolea mume kwa soda mbili."

"Somoe, mdogo wangu, nilikuwa natania tu."

"Ndiyo, unataniaga. Baba alipokufa ulitania. Mkeo alipoondoka ulitania. Hii ya leo usinitanie. Usiniambie neno tena."

Akarudi ndani kumalizia kupiga pasi. Mgolole wa kumchukulia mumewe, na anaupiga pasi vizuri, pembe kwa pembe.

Jumamosi, 3 Mei

Chakula changu anakiweka mlangoni, anagonga, anaondoka. Nikifungua nakuta sahani. Leo samaki kolekole. Najua shemeji hakula wake kwa sababu sahani yangu ilikuwa na vipande viwili.

Jumanne, 6 Mei

Mvua imetoboa bati la kibanda changu cha getini. Nikakaa chini ya mwavuli wa Mwalimu Tupokigwe, mwekundu una maua, nikampigia tena Kasanda. Safari hii mtandao ulikuwepo. Sikumpa nafasi ya kucheka.

"Baba, nakuuliza kwa heshima. Kibangwa kikipokelewa mlangoni na mtu mwingine, hakirudi?"

"Nani kasema?"

"Shemeji yangu. Mwalimu."

"Hapana, mtani. Ungekwenda nacho mpaka Zanzibar tungekikomboa tu. Wewe ulituchelewesha robo saa."

"Sasa kwa nini hawezi kukataa?"

"Akatae vipi, na yeye ndiye aliyeomba? Barua yake tunayo, ya mwezi wa kumi na moja. Alimwandikia Mtemi, akajieleza ukoo wake, akasema yuko tayari kuja mwisho wa masika. Sisi tulikuja kumjibu."

"Na samaki? Mwenye kibangwa hali samaki wa bahari?"

"Samaki wa bahari!" akacheka. "Tungewapatia wapi hata tukawakataza?"

Nikaagana naye vizuri. Mwavuli ulikuwa umepinduka na upepo, mie nashikilia mpini.

Jumatano, 7 Mei

Mvua.

Alhamisi, 8 Mei

Mvua. Wali mtupu.

Ijumaa, 9 Mei

Wakati wa kurudi tumekwama kwenye mteremko karibu na duka la simenti, pikipiki imezama mpaka kwenye mnyororo. Duka limefungwa. Tukajibanza chini ya bati lake. Nikaona hapa hana pa kukimbilia.

"Shemeji, ile barua ya Novemba uliandika kwa kalamu au kwa kompyuta?"

Hakushtuka. Alivua helmeti, akaikung'uta maji polepole, akaitazama ndani.

"Kwa kalamu," akasema. "Mara nne. Tatu nilichana."

"Na ile mila ya mlangoni?"

"Hakuna mila hiyo."

"Ulinisingizia."

"Ulijileta mwenyewe, Mzaramo. Tangu Novemba natafuta maneno ya kumwambia Somoe, sipati. Siku ile gari limefika, nikajua leo jioni ndiyo mwisho wa kuficha. Natoka ofisini, nakukuta umelivaa shingoni unarukaruka. Nikasema Mungu kaniletea."

Nikauliza kama mtoto tu, "Kwa nini unakwenda?"

"Nina miaka hamsini na nane. Nimefundisha watoto, sijui elfu ngapi. Wakinikuta njiani wanasema ticha mambo, wanapita. Yule mzee alipiga goti kwenye matope, shemeji, ulimwona. Akamtaja baba yangu na babu yangu. Huku pwani nimekaa miaka thelathini na tano, hakuna mtu anayelijua jina la babu yangu. Hata wewe."

Kweli. Yule babu nimemtukana karibu kila siku ya Mungu, na jina lake silijui.

"Basi mwambie Somoe hivyo hivyo ulivyoniambia."

"Nikimwambia, nitakuwa nimemwacha. Hivi sasa nimechukuliwa tu. Mwache akukasirikie wewe. Wewe kaka yake, mwaka mmoja, miwili, atakusamehe. Mie hatanisamehe."

"Na samaki?"

Maji ya bati yalikuwa yanaanguka mbele yetu kama pazia.

"Kule hakuna changu wala kolekole," akasema. "Na kupika kama Somoe hakuna. Nilitaka nizoee."

Tulisukuma pikipiki wote wawili mpaka lami. Sijui kama nilikuwa na hasira. Nilikuwa nimelowa, hilo nina hakika nalo.

Jumapili, 11 Mei

Nimekwenda pwani kumwambia Somoe. Nilijisemesha njia nzima. Nimemkuta kati ya wenzake, kwenye moshi, anageuza samaki kwenye karai.

"Somoe, nina neno."

Hakuinua uso. Wenzake ndio walioinua. "Aaa, Mzee Khalfani! Leo katuletea kipi huyu? Haya, tuchekeshe, biashara mbaya leo!" Wameshaanza kucheka na mie sijafungua mdomo. Nikamtazama dada yangu, nikaona mkono wake unaoshika mwiko umekuwa mwembamba. Nikimwambia barua, nitajisafisha mie. Yeye nitamwachia nini? Sasa hivi ana mume aliyechukuliwa na kaka mpuuzi. Nikimaliza kusema atakuwa na mume aliyemkimbia tangu Novemba, huku anakula wali wake na kunyamaza.

"Nimekuja kuposa," nikawaambia wale wanawake. "Yeyote, sichagui, awe na meno tu."

Walicheka mpaka mmoja akamwaga mafuta. Somoe hakucheka.

Ijumaa, 16 Mei

Mvua kidogo. Shemeji anafundisha darasa la saba yeye mwenyewe, anataka kumaliza sehemu ya kugawanya kabla hajaondoka. Namsikia mpaka getini. Ni mwalimu mzuri, hilo sikuwahi kuliandika popote.

Jumatatu, 19 Mei

Nimemwuliza jina la babu yake. Akasema, "Kwani unataka kumtukana vizuri?" Nikasema ndiyo. Akaniambia. Naliandika hapa: Mihayo mwana wa Ngeleja. Alibeba pembe mara tatu kuja Bagamoyo, ya nne hakurudi.

Ijumaa, 23 Mei

Sherehe ya kumuaga mkuu wa shule. Mwalimu Tupokigwe, ambaye sasa anakaimu, kalia machozi katikati ya hotuba akashindwa kumalizia. Watoto wameimba. Wazazi wametoa saa ya ukutani. Mie niliombwa nitoe utani, maana kila mtu anajua. Nikasimama, nikawatazama, wakaanza kucheka. Nikakaa. Wakapiga makofi, wamedhani ndio utani wenyewe.

Somoe hakuja. Alisema biashara.

Jumatano, 28 Mei

Wali mtupu. Lakini nimemwona kwa dirisha la uani, Somoe alipotoka kuchota maji. Shemeji kainua sahani ya samaki, kaiinamia, kavuta harufu macho yamefumba. Kisha kaifunika na kawa, kaisogeza palepale ilipokuwa.

Jumamosi, 31 Mei

Gari limekuja saa mbili asubuhi mbele ya nyumba ya Kunduchi. Kasanda na dereva, na magari mengine mawili ya Wanyamwezi wanaoishi huku, wamevaa mashati ya sare, wana ngoma. Mvua ya manyunyu. Mtaa mzima umejaa, watu wamepanda hata kwenye ukuta wa jirani, kila mmoja na simu juu.

Somoe alikuwa amempangia begi tangu alfajiri. Shati zote pasi. Wakasimama mlangoni wawili, mie nyuma yao nimebeba ile saa ya ukutani.

"Basi, Somoe," akasema.

"Haya. Safari njema."

"Nitapiga simu."

"Mtandao ukiwepo."

Ni hayo tu. Nilingoja waongeze. Nilijua kila mmoja ana neno lake moja, nikamwona yeye anameza la kwake na dada yangu anameza la kwake. Shemeji akashuka ngazi, Kasanda akamvika kibangwa, ngoma zikaanza, akapanda gari, mlango ukafungwa.

Sikupanga. Niliweka saa chini, nikaenda nikalala chali mbele ya tairi, kwenye dimbwi.

Eeeh! Mtaa ulilipuka. "Mtani huyo! Mtani kazuia njia!" Maana hiyo ndiyo desturi, mtani anaweza kuzuia hata jeneza mpaka akombolewe. Ngoma zikaongezwa. Kasanda akashuka anapiga makofi, uso umechanua.

"Haya, Mzaramo, taja dau lako!"

"Sitaki dau. Namtaka huyo mtu ashuke."

Vicheko.

"Ashuke abaki! Ana mke hapa! Hajala tangu jana huyu mwanamke!"

Vicheko zaidi. Mwanamke mmoja akapiga kigelegele.

"Sitanii!" nikapiga kelele. Na hapo ndipo walipocheka kuliko kote, kwa sababu hakuna mtani asiyesema hivyo. Kasanda akaniwekea noti ya elfu tano kifuani. Mwingine ya elfu mbili. Zikanata kwenye matope. Nikazitupa, wakasema ghali huyu, wakaongeza.

"Sitanii jamani! Wallahi sitanii!"

Shemeji akashuka. Akachuchumaa karibu na kichwa changu, mgolole ukachovya dimbwini. Pembe zile Somoe alizozipiga pasi.

"Shemeji, inuka," akaninong'oneza.

"Sitanii, Suleiman." Sijawahi kumwita jina maisha yangu yote.

"Najua."

Nikaona midomo yake inacheza, nikasema moyoni, sasa. Kisha akasimama, akawageukia watu, akafungua mikono yote miwili kama waziri.

"Mzaramo huyu bei yake kubwa! Ongezeni, ongezeni!"

Watu wakapagawa. Wanaume wanne wakaninyanyua kama jamvi, kwa upole kabisa, wakaniegemeza ukutani, wakanipangusa mabega. Gari likapita. Ngoma zikapita. Watoto wakakimbia nyuma yake mpaka kona, wakarudi.

Mtaa ulipobaki mtupu, Somoe akaja na jagi la maji. Akapiga magoti, akalowesha ncha ya kanga, akaanza kunifuta uso. Tangu Mei Mosi hajaniambia neno.

"Umeumia?"

"Hapana."

Akanifuta sikio. "Kaka, ulikuwa unatania?"

Nikamtazama. Nikaona kwamba hapa naweza kumwambia yote, na hakuna wa kucheka.

"Ndiyo," nikasema. "Utani tu."

Akaikamua kanga, maji ya matope yakachuruzika kwenye miguu yetu wote wawili.

"Sawa," akasema. "Angalau kuna mtu amemwambia abaki, hata kwa utani. Mie nilikuwa na wiki saba nzima, kaka, sikumwambia."